Njiwa Wakihama, Kagua Kwanza Kasha Lao: Mwongozo Kamili wa Kusafisha na Kutunza Nyumba ya Njiwa Uani

Uani kwa watu huku kwetu, pwani ya kusini ya Tanzania, kuanzia Mikindani na Shangani hadi Lindi mjini na Kilwa, nyumba ya njiwa ni jambo la kawaida: kasha la mbao juu ya nguzo, vyumba vinne au sita, paa la bati, kila jozi na mlango wake. Njiwa wakihama, jibu huwa tayari mdomoni mwa majirani: nyumba hiyo ina ugomvi, na njiwa hawakai penye makelele. Wazee waliosema hivyo nawaheshimu. Lakini kabla hujatafuta nani kagombana na nani, panda ngazi uangalie ndani ya kasha. Mara nyingi utakuta utitiri kwenye nyufa, kinyesi kimepanda hadi usawa wa kizingiti, na makinda waliokonda wamelala juu ya uchafu wa makinda waliowatangulia. Njiwa ana mbawa. Hawezi kubaki mahali anaponyonywa damu usiku kucha.

Mwongozo huu nimeuandika kwa mwenye kasha moja au mawili uani, anayepanda ngazi mwenyewe. Kazi si ngumu. Inadai mpangilio tu, na kujua siku gani uguse na siku gani uache.

Hatua ya 1: Kagua usiku, si mchana

Utitiri mwekundu ni mdudu asiyefika milimita moja. Mchana hujificha kwenye nyufa za mbao, chini ya bakuli la kiota na kwenye maungio ya misumari. Usiku hutoka kumfuata njiwa aliyelala. Ndiyo maana mtu anaweza kuangalia kasha saa nne asubuhi, akaliona safi, na bado njiwa wanateketea. Panda na tochi saa mbili au tatu baada ya jua kuzama, umulike kingo za viota na chini ya ubao wanaotulia. Mdudu mwenye njaa ni wa kijivu, aliyeshiba ni mwekundu.

Kama hupendi kupanda ngazi gizani, tumia karatasi. Chukua karatasi nyeupe nzito, ikunje mara tatu nne huku na huku kama kipepeo cha mkono, uibanze kwenye pembe ya chumba jioni. Asubuhi na mapema ichukue, uifungulie juu ya sahani nyeupe. Bibi mmoja jirani kule Mikindani alikuwa ameshakata tamaa. Nilipomwamkia na kumuuliza hali ya njiwa, akanijibu, "Marahaba mwanangu. Njiwa gani tena, wamehamia kwenye paa la msikiti." Tuliweka karatasi kwenye chumba kimoja kilichokuwa bado na jozi. Asubuhi, tulipoifungua, mikunjo ilikuwa imejaa chembe ndogo kama za pilipili, zinatembea. Alipoiminya moja kwa kucha ikaacha mchirizi wa damu kwenye karatasi. Hakuuliza tena habari ya ugomvi.

Ukiona chembe mbili tatu tu, usafi wa kawaida unatosha. Ukiona zimesongamana, ruka moja kwa moja hadi usafi mkubwa nitakaoueleza chini.

Hatua ya 2: Jua ratiba ya kiota kabla hujagusa kitu

Njiwa jike hutaga mayai mawili, la pili kiasi cha siku moja na nusu hadi mbili baada ya la kwanza. Huatamia kwa siku 17 hadi 19 tangu yai la pili. Dume husaidia: kwa kawaida huingia kiotani katikati ya asubuhi na kukaa hadi alasiri, jike akashika zamu ya jioni na usiku wote. Makinda hulishwa maziwa ya gole (uji mzito unaotengenezwa kwenye gole, mfuko wa chakula ulio kooni) na wazazi wote wawili, na hutoka kiotani wakiwa na wiki nne hadi tano. Jambo linalowapita wengi ni kwamba jike anaweza kutaga tena makinda wakiwa bado na wiki mbili au tatu. Jozi moja basi inahitaji nafasi mbili za kiota, si moja. Ukiwapa moja, mayai mapya yatatagwa katikati ya kinyesi cha makinda wakubwa, na hapo uchafu unakuwa wa kudumu.

Kutokana na ratiba hiyo, kanuni zangu ni hizi. Siku za kuatamia, usiondoe kiota. Futa tu kizingiti na sakafu inayofikika, ukienda polepole. Wiki ya kwanza ya makinda, waache, kwa sababu mzazi anawafunika muda wote. Kuanzia siku ya kumi hivi, makinda wanaweza kutolewa kwa dakika chache: waweke kwenye kikapu chenye kitambaa, badilisha kiota, warudishe palepale. Usiogope kwamba mzazi ataikataa harufu ya mkono wako. Ndege hawawatupi watoto wao kwa sababu hiyo. Kinachowafukuza ni kusumbuliwa mara kwa mara na kwa muda mrefu.

Mayai yaliyopita siku 21 bila kuanguliwa yatoe. Ukitaka kujua mapema, siku ya sita au ya saba mulika yai kwa tochi ndogo chumbani gizani: lenye uhai linaonyesha mishipa myembamba ya damu.

Hatua ya 3: Jikinge wewe kwanza

Vumbi la kinyesi kikavu cha njiwa si la kuchezea. Lina fangasi na bakteria wanaoweza kumletea mtu ugonjwa wa mapafu, na kwa mwenye kinga dhaifu fangasi mmojawapo hufika hadi kwenye utando wa ubongo. Mwenye pumu, anayeishi na VVU au anayetumia dawa zinazoshusha kinga, amwachie mwingine kazi hii. Watoto nao wakae mbali siku ya kukwangua.

Vaa barakoa inayobana, glovu na shati la mikono mirefu. Halafu lowanisha. Hili ndilo kubwa kuliko barakoa. Nyunyizia maji yenye sabuni kidogo juu ya kinyesi, subiri dakika kumi, ndipo ukwangue. Kinyesi kilicholowa hakirushi vumbi, na hutoka kwa urahisi. Anayefagia kikavu kwa ufagio wa chelewa anajivutia vumbi lote puani, na la ziada linakwenda kwenye chungu cha jirani.

Vifaa vingine: kikwangulio cha bati au kisu butu, brashi ngumu, ndoo mbili, tochi, ngazi imara na mtu wa kuishika, na mfuko wa kutilia uchafu.

Hatua ya 4: Usafi wa kila wiki

Mara moja kwa wiki, saa za asubuhi njiwa wakiwa wametoka kula, kwangua vizingiti na sakafu ya vyumba vitupu, toa chakula kilichomwagika, osha chombo cha maji kwa brashi. Robo saa inatosha kwa kasha la vyumba sita. Nyunyizia majivu makavu yaliyochekechwa kwenye sakafu, safu nyembamba tu: hukausha unyevu na kurahisisha ukwanguaji wa wiki ijayo.

Hatua ya 5: Nzi wa njiwa na hesabu ya siku 25

Kuna adui mwingine ambaye wengi wanamwona bila kumjua. Ni nzi bapa, wa kahawia, anayekimbia upande upande ndani ya manyoya. Ukimshika njiwa, wakati mwingine hurukia mkononi kwako. Ananyonya damu na kuambukiza vijidudu vya damu vya jamii ya karibu na vile vya malaria. Kwa binadamu haviingii, lakini makinda hudhoofika sana.

Nzi huyu hatagi mayai. Huzaa buu moja moja lililokwisha kukomaa, na ndani ya saa chache buu hilo hukauka likawa punje nyeusi inayong'aa, kadiri ya milimita tatu. Punje hizo huangukia kwenye takataka za kiota na kwenye nyufa za sakafu, na hukaa humo karibu mwezi kabla nzi mpya hajatoka. Hapo ndipo unapompata. Ukibadilisha takataka zote za kiota na kufagia nyufa kila baada ya siku zisizozidi 25, unaziondoa kabla hazijapasuka, na kizazi kinakatika. Weka alama kwenye kalenda ya ukutani. Zile takataka usizitupe chini ya nguzo. Zichome, maana punje hupasuka popote ilipo.

Hatua ya 6: Usafi mkubwa mara mbili kwa mwaka

Kwetu mvua ni za msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au Mei. Usafi mkubwa wa kwanza ufanye Juni, mvua zikiwa zimekatika na mbao zimeanza kukauka. Wa pili uwe mwisho wa Septemba au mwanzo wa Oktoba. Watu wetu wengi Oktoba wako mashambani kwenye korosho, kwa hiyo usingoje; fanya kabla hujahamia shambani, kwa sababu mvua ikianza kasha halikauki tena.

Usilifunge kasha zima siku moja. Safisha nusu, uache nusu kwa njiwa walio kwenye mayai, kisha urudi wakishamaliza. Kwa chumba kilicho kitupu, mpangilio ni huu:

Toa kila kitu: bakuli, majani, vijiti, na ubao wa kutulia kama unafunguka. Lowanisha, subiri, kwangua hadi uione mbao yenyewe. Osha kwa maji ya moto na sabuni ya unga, ukisugua pembe.

Kisha mimina maji yanayochemka kwenye nyufa na maungio, taratibu, kwa birika. Hatua hii watu huiruka, nayo ndiyo inayomaliza kazi, maana maji yanayochemka yanaua utitiri pamoja na mayai yake, na gharama yake ni kuni tu.

Baada ya hapo paka maji ya klorini ya kufulia, kipimo kimoja cha dawa kwa vipimo tisa vya maji, uache dakika kumi, halafu suuza vizuri. Klorini haifanyi kazi juu ya kinyesi, ndiyo maana inakuja mwisho. Isichanganywe kabisa na dawa ya kusafishia choo wala siki. Mchanganyiko huo hutoa hewa ya sumu.

Acha chumba wazi kwenye jua kali siku nzima, ikiwezekana mbili. Kikikauka, ziba nyufa zote kwa gundi ya mbao iliyochanganywa na vumbi la randa, kama mafundi seremala wafanyavyo. Ufa uliozibwa ni nyumba moja ya utitiri iliyofungwa. Mwisho paka chokaa ndani, mikono miwili. Chokaa mbichi inachoma ngozi, kwa hiyo njiwa wasirudi mpaka ikauke kabisa, siku tatu nne.

Kama ukaguzi wa usiku ulionyesha utitiri mwingi, rudia maji yanayochemka baada ya siku saba. Kwenye joto letu utitiri hukamilisha mzunguko wake kwa wiki moja hivi, na wale waliokuwa nje ya kasha wanarudi.

Dawa: ipi ushike na ipi uiache

Hapa nasisitiza, kwa sababu mikoa yetu ni ya korosho na kila nyumba ina mabaki ya dawa za shamba stoo. Dawa za maji za mikorosho hazikutengenezwa kwa ajili ya ndege. Kinda analala juu ya ubao huo kwa mwezi mzima, tumbo lake likiwa halina manyoya. Ulichopaka kinaingia mwilini. Usizitumie kwenye kasha, hata tone moja.

Salfa ya unga inaua utitiri, hilo ni kweli, na ndiyo maana watu hushawishika. Lakini vumbi lake linachoma macho na njia ya hewa, na chumba cha sentimita thelathini hakina pa kukimbilia. Mimi siiweki. Na siku ya kupulizia salfa mikorosho iliyo karibu na nyumba, kati ya Juni na Agosti, mwaga maji ya njiwa jioni na uoshe chombo.

Ukihitaji dawa, nenda duka la dawa za mifugo ununue ya unga iliyoandikwa kwamba ni ya utitiri wa kuku, ufuate kipimo chake, na uitie kwenye chumba kitupu. Majani makavu ya mwarobaini chini ya kiota husaidia kiasi kuwafukuza wadudu. Hayachukui nafasi ya maji yanayochemka.

Oili chafu ya magari ni nzuri kwa nguzo dhidi ya mchwa, kuanzia ardhini hadi mita moja. Ndani ya kasha haifai. Oili ikishika manyoya ya mzazi hufika kwenye yai, na yai likipakwa oili halipumui.

Hatua ya 7: Nguzo, paa na upepo

Kasha likae juu mita mbili na nusu au zaidi, na angalau mita mbili kutoka tawi au ukuta wowote, paka asipate pa kurukia. Kwenye nguzo, kimo cha kifua, zungushia bati laini lenye urefu wa sentimita 60. Panya na nyoka hawapati pa kushika. Likague kila usafi mkubwa, maana bati lenye kutu linakuwa na mikwaruzo, na mikwaruzo ni ngazi.

Kama mkorosho au mwembe umeotesha tawi hadi likagusa paa, kata hilo tawi. Wale sisimizi wekundu wa mitini, majimoto, hupitia hapo na kuvamia mayai yanayopasuka na makinda wa siku moja. Usiwaue. Majimoto wanalinda mkorosho dhidi ya mbu wa mikorosho, mdudu anayefyonza machipukizi. Kosa lao ni daraja ulilowaachia.

Mgongo wa kasha uelekee kusini-mashariki unakotoka kusi, ambalo huvuma kwa nguvu katikati ya mwaka. Upande wa milango paa litokeze sentimita 20 au zaidi, kwa ajili ya mvua za kaskazi. Bati peke yake huchemsha makinda mchana. Litandazie makuti kwa juu. Ila makuti yasiingie ndani, kwa sababu ndani huwa makazi ya wadudu na panya. Toboa matundu ya sentimita moja chini ya ukingo wa paa, matatu kila upande, hewa moto itoke.

Chumvi ya bahari inakula misumari ya kawaida upesi. Tumia iliyopakwa zinki, na Oktoba uitikise kila mmoja kwa mkono. Aprili 2019 tulitahadharishwa juu ya kimbunga Kenneth, na Mei 2024 Hidaya ilileta mvua na upepo mkali pwani ya kusini. Kasha lililofungwa kwa misumari miwili yenye kutu halivumilii hali hiyo. Pitisha waya nene juu ya paa, uufunge kwenye nguzo pande zote mbili.

Hatua ya 8: Kiota kipya

Chumba cha sentimita 30 kila upande ni cha chini kabisa; 40 ni bora. Ndani weka bakuli la udongo lenye upana wa sentimita 20 hadi 25, lisilo na mng'ao. Kinda akikulia kwenye sakafu laini, miguu yake hutawanyika pembeni na hukua akiwa kilema. Tandika kidogo maranda makavu yasiyo ya mbao zilizotiwa dawa, halafu waachie njiwa wamalizie wenyewe: wamwagie uani vijiti vya chelewa vilivyokatwa urefu wa kiganja na majani makavu ya mvinje. Watayaokota mojamoja, dume akileta, jike akipanga.

Uani kwako kusiwe na vipande vya nyuzi za nyavu, hasa nyumba za wavuvi. Njiwa huzipeleka kiotani, nazo hujifunga kwenye miguu ya makinda hadi kidole kinakatika. Kila unapokagua kiota, inua mguu wa kinda uangalie.

Hatua ya 9: Maji, chakula na dalili za kumwita mtaalamu

Maji yabadilishwe kila siku, chombo kikiwa kimefunikwa ili wasinye ndani. Mara mbili kwa wiki wape beseni la maji ya kina cha kiganja waoge, asubuhi, kisha liondoe. Chakula cha kwetu kinatosha: mtama, chenga za mahindi, choroko, mbaazi. Ongeza maganda ya chaza yaliyopondwa, kwa ajili ya mayai.

Ukiona matabaka ya njano mdomoni, vinundu kuzunguka macho na mdomo, shingo kupinda au kinyesi cha maji matupu, mtenge njiwa huyo na umwite afisa mifugo wa kata. Shingo kupinda kunaweza kuwa mdondo, ambao unaweza kuanza kwa njiwa ukamaliza kuku wote wa mtaa. Muulize afisa huyo kuhusu kuwachanja njiwa siku ile ile anapochanja kuku wako. Aliyekufa azikwe shimo refu au achomwe, asipewe mbwa.

Kinyesi unachokikwangua kila wiki kina naitrojeni nyingi na kikiwekwa kibichi kinaunguza mboga. Kirundike pamoja na majani makavu ya mkorosho, kinyunyizie maji, kigeuze kila wiki mbili, na baada ya miezi mitatu kitie kwenye tuta la mchicha.